Pompi Ikichoka: Tujue Alama za Shoki ya Moyo

Wewe baba unayetoka posti ya usiku, wewe mama unayeamkia soko, nanyi vijana wa kwaya na wa masomo, mwezi huu tuzungumuze juu ya ugonjwa unaoweza kuua mutu kwa saa chache tu, na ambao mara mingi tunaupatia jina lisilo lake.

Tuseme hivi. Mutu alikuwa muzima asubui. Saa sita anashika kifua, anasema kuna kitu kizito kinamufinya. Saa nane amelegea, jasho linatiririka, mikono yake baridi sawa maji ya mutungi. Majirani wanajaa mu nyumba. Mumoja anasema: «Ni malaria, mumupe dawa.» Mwingine: «Amelewa, mumuache alale.» Wa tatu anasema kwa sauti ya chini: «Wamemutupia kitu. Muangalie ule muke wake.» Jioni kilio kinaanza. Kisha mazishi mujane anafukuzwa mu nyumba, watoto wanagawanywa kama sahani. Na hakuna hata mumoja aliyeuliza swali la maana: je, moyo wa ule baba ulikuwa bado unasukuma damu?

Swali lile ndilo tunataka ujifunze kuuliza, na kuuliza mapema.

MOYO NI POMPI

Sisi watu wa migodi tunajua pompi ni nini. Chini ya udongo maji hayapumziki, yanatoka mu mawe usiku na muchana. Pompi zikisimama, maji yanapanda. Tuliona jambo lile Kipushi mwaka 2011: pompi zilishindwa kazi, na maji yakafunika sehemu za chini za mugodi.

Moyo wako ni pompi ya namna ile. Ukubwa wake ni kama ngumi yako. Kwa siku moja unapiga karibu mara 100.000. Hata ukikaa tu kimya, unasukuma lita 5 hivi za damu kila dakika. Damu ile inapeleka hewa na chakula ku ubongo, ku figo, ku ini, mpaka ku vidole vya miguu.

Sasa, pompi hii ikichoka kwa gafula, mambo mawili yanatokea pamoja. Mbele ya pompi, mu mabomba, damu haifiki vizuri: mikono na miguu inakuwa baridi, akili inachanganyikiwa, figo zinaacha kutengeneza mikojo. Nyuma ya pompi, damu inarundikana: maji yanaingia mu mapafu, pumzi inakosa, mishipa ya shingo inavimba. Hali ile ndiyo madaktari wanaita shoki ya moyo. Damu iko mu mwili, lakini haitembei kama inavyopasa.

Angalia vizuri, kwa maana iko shoki ya namna ingine. Muchimbaji aliyeangukiwa na jiwe na kumwaga damu, mama anayetokwa na damu mingi kisha kuzaa, mutu wa kolera anayeharisha bila kupumzika: hao pompi yao ni nzima, lakini mabomba yamekauka. Kwa macho wanafanana na mutu wa shoki ya moyo: baridi, jasho, mapigo ya mbio. Lakini musaada wao ni tofauti kabisa. Mutu wa kolera anahitaji maji mingi na upesi. Mutu ambaye pompi yake imechoka, ukimutilia maji mingi, unamuzamisha.

Kwa hiyo, wapenzi, tuache desturi ya kukimbilia seromu kila mara mutu amelegea. Kuna nyumba ndogo za dawa mu kila avenue ambamo seromu inatundikwa mbele hata ya kupima tansio. Mutu akikosa pumzi, akishindwa kulala chali, miguu ikivimba, seromu ya kujitundikia inaweza kumumaliza. Daktari ndiye wa kusema kama inafaa, na kiasi gani.

ALAMA ZA KUTAMBUA

Soma alama hizi pamoja na watoto wako wakubwa, maana pengine wao ndio watakuwa nyumbani siku ile.

1. Ngozi ni baridi na yenye majimaji. Mikono na miguu baridi, jasho ku paji la uso, ingawa nje kuna jua.

2. Mapigo ni ya mbio lakini dhaifu. Ukishika mukono pale chini ya kidole gumba, unasikia kama uzi, pengine husikii kitu. Mara zingine mapigo ni ya polepole sana ao hayana mupango.

3. Pumzi inakosa. Mugonjwa anahema mbio, anataka kukaa wima, anakataa kulala. Pengine anakohoa povu, nyeupe ao yenye rangi ya damu.

4. Akili inabadilika. Anahangaika, anasema maneno yasiyopangika, ao anasinzia na kujibu kwa shida. Hapo ndipo watu wanasema «amelewa» ao «pepo imemuingia».

5. Mikojo inapungua. Tangu asubui hakwenda hata mara moja, ao ametoa kidogo tu, cheusi-cheusi.

6. Rangi inabadilika. Kwa ngozi yetu nyeusi si rahisi kuona. Angalia midomo, ulimi, viganja, na ndani ya kope la jicho. Vinakuwa vyeupe ao vya kijivu.

Iko na kipimo kimoja kisichoomba hata franka moja. Finya ukucha wa mugonjwa kwa sekunde 5, kisha achilia. Kwa mutu muzima, rangi inarudi kwa sekunde 2 hivi. Ikipita sekunde 3, damu haifiki vizuri ku vidole. Jaribu leo ku ukucha wako mwenyewe, ili ujue namna inavyofanya.

Munganga akipima tansio, mara mingi anakuta namba ya juu iko chini ya 90. Lakini usingoje namba. Mwili unaweza kujikaza kwa muda na kushikilia tansio, huku mikono imekwisha kuwa baridi. Mutu wa baridi, wa jasho, mwenye kukosa pumzi, ni wa hospitali leo hii, si kesho.

INATOKA WAPI?

Kisababishi cha kwanza mu dunia ni kuziba kwa mushipa unaolisha moyo wenyewe. Damu inaganda ndani ya mushipa, sehemu ya moyo inakosa hewa na kuanza kufa. Mutu anasikia uzito ao moto katikati ya kifua, unaokwenda ku mukono wa kushoto, ku mataya ao ku mugongo, na hauishi kwa kupumzika. Lakini wamama, wazee na wagonjwa wa sukari wanaweza kuzibiwa bila maumivu makubwa: paka uchovu, kutapika na pumzi fupi. Tumbako, tansio ya juu, sukari na mafuta mengi ndivyo vinavyoharibu mishipa ile, pole pole, kwa miaka.

Cha pili ni moyo uliochoka tangu zamani. Tansio isiyotunzwa inalazimisha pompi kusukuma na nguvu kupita kipimo, mwisho inapanuka na kulegea. Lutuku na pombe kali za kila siku zinafanya vilevile. Siku mutu kama huyo anaacha dawa, ao anapata ugonjwa wa mapafu, pompi inasimama.

Cha tatu kinaanza mu utoto, na hapa vijana musikilize. Mutoto anaumwa na koo, tunampa maji ya chumvi, inapita. Lakini koo za namna moja, zinazoletwa na kijidudu, zisipotunzwa zinaweza kuleta homa ya viungo: magoti yanavimba, kesho viwiko. Homa ile inakwenda, lakini inaacha alama ku milango ya moyo. Miaka kumi ao makumi mawili kisha, milango haifungi tena ao haifunguki. Ugonjwa huu unapenda nyumba ambamo watoto wengi wanalala chumba kimoja, sawa mu makambi yetu. Penisilini inauzuia. Mutoto aliyekwisha kupata homa ile anapashwa kupigwa sindano yake ya penisilini kila juma la tatu ao la nne, kwa miaka mingi. Usimukatishe kwa sababu anaonekana muzima.

Cha nne kinagusa wamama. Kuanzia mwezi wa mwisho wa mimba mpaka miezi 5 hivi kisha kuzaa, moyo wa mama unaweza kulegea bila sababu ya kuonekana. Anakosa pumzi akilala, anaamka usiku kutafuta hewa, miguu inavimba. Bibi wanasema: «Ni uzazi tu, itapita.» Mama, usikubali jibu lile mbele ya kupimwa. Uzazi unachokesha, ndiyo, lakini haukatazi mutu kulala chali.

Kuna na vingine: kifua kikuu kinachojaza maji mu gunia linalozunguka moyo na kuufinya, kijidudu kinachouvimbisha moyo wa kijana, pigo kubwa ku kifua, kama vile mutu kufinywa na udongo mu shimo ao na usukani wa motokari. Kijana aliyepigwa kifua akasimama na kusema «niko muzuri», asirudi mu shimo mbele ya kuangaliwa.

NA KOBALTI JE?

Sisi tunaoishi juu ya kobalti tunapashwa kujua habari hii. Mu mwaka 1965 na 1966, katika muji wa Québec, inchi ya Kanada, wanaume wanywaji wa bia walianza kuanguka mumoja-mumoja. Moyo ulipanuka, pumzi ikakosa, wengine wakafa kwa shoki. Madaktari walihesabu wagonjwa zaidi ya 40, na wapata 20 wakafa. Walipochunguza, wakakuta kwamba chumvi ya kobalti ilikuwa inatiwa mu bia ili povu likae. Walipoacha kuitia, wagonjwa wapya wakakoma. Jambo kama lile lilionekana pia mu miaka ile Omaha, Marekani, na Leuven, Ubelgiji.

Tusikie vizuri. Wale watu walikunywa kobalti ndani ya bia, walikunywa bia mingi kila siku, na wengi walikula vibaya. Hatuwezi kusema kwamba kila mutu anayeshika heterojeniti atapata ugonjwa ule. Lakini funzo liko wazi: kobalti ikiingia ku kinywa cha mutu asiyekula vizuri na anayekunywa sana, moyo unaweza kulipa. Kwa hiyo, nawa mikono mbele ya kula bukari. Usikaushe unga ku gunia lililobeba mawe. Usioge wala usichote maji ya kunywa pale wanaposafisha madini. Nguo za kazi zifuliwe mbali na za watoto.

SIKU ILE TUFANYE NINI?

Kwanza, tafuta motokari. Si baada ya kikao cha jamaa, bali wakati uleule. Mutu asitembee mwenyewe mpaka ku barabara, hata kama anasema anaweza, maana kila hatua inaomba pompi kazi ambayo haina tena. Kama ni pikipiki tu iko, mutu wa tatu akae nyuma na kumushikilia vizuri.

Pili, kama anakosa pumzi, mukalishe nusu-wima, mugongo ku ukuta ao ku mito. Legeza mukanda na vifungo. Fungua madirisha, na watu watoke. Mufunike na kitambaa chepesi.

Tatu, usimupe chakula, wala chai, wala lutuku ya «kuamsha moyo», wala dawa za majani. Kama kifua kinafinya na munganga anakubali, hata kwa telefone, mutu muzima anaweza kutafuna aspirini. Asiipate mwenye kutoka damu, mwenye kidonda cha tumbo, ao asiyepatana na dawa ile.

Ine, akipoteza fahamu lakini anapumua, mulaze ubavu. Akiacha kupumua, ao anavuta pumzi moja-moja ya kukoroma, weka viganja viwili katikati ya kifua, ufinye kwa nguvu na mbio, mara 100 mpaka 120 kwa dakika, kifua kishuke sentimeta 5 hivi. Mukichoka, mubadilishane. Vijana wa kwaya, ninyi munaojua kushika mupigo, kazi hii inawafaa.

Tano, mutu mumoja aandike ku kikaratasi: ilianza saa ngapi, dawa gani anakunywa, ana tansio ao sukari, ana mimba ao amezaa karibuni, amepigwa ao ameanguka. Kikaratasi kile kinamupunguzia daktari muda wa kutafuta.

Ku hospitali watamupatia hewa ya oksijeni, watapima mapigo ya moyo na mashine, watatoa dawa za kusaidia pompi na kupandisha tansio. Kama ni mushipa umeziba, dawa kubwa ni kuufungua upesi. Mu mwaka 1999 madaktari walitoa matokeo ya uchunguzi juu ya wagonjwa 302 wa namna ile. Kwa wale waliopelekwa upesi kufunguliwa mishipa, kisha miezi 6 walikuwa wamekufa 50 hivi kati ya 100. Kwa wale waliotunzwa kwanza na dawa tu, walikuwa 63 hivi. Uone basi: hata mu hospitali zenye vyombo vyote, shoki ya moyo inaua karibu nusu ya watu. Na mu miji mingi ya migodi vyombo vile haviko karibu. Ndiyo maana saa tunayopoteza nyumbani ni ya bei kali, na kukinga kunapita kuponya.

MAOMBI, MUFUMU NA MOTOKARI

Ninaandika sasa kama muchungaji. Wagonjwa wengine wanapitishwa kwanza kwa mufumu, ili atafute nani ameloga. Wengine wanapelekwa mu chumba cha maombi na kulazwa pale siku tatu bila chakula. Jina la Mungu linatajwa pande moja, la mulozi pande ingine, lakini moyo wa mutu unachoka vilevile.

Omba, ndugu yangu. Omba mu motokari. Omba mbele ya mulango wa hospitali. Hakuna andiko linalokataza maombi kutembea. Musamaria katika mufano wa Bwana wetu alifunga vidonda, akapandisha mugonjwa ku nyama wake, akamufikisha mahali pa kutunzwa, na akatoa franka za mufuko wake.

Na kama mugonjwa amekufa, tuogope kumushitaki mutu bila kujua. Ule muke aliyekaa naye usiku wote akipangusa jasho si mulozi wake. Muchungaji, muzee wa kanisa, mukubwa wa jamaa: simama mu kilio kile na useme waziwazi kwamba moyo unaweza kusimama, na kwamba ugonjwa huu una jina. Neno lile moja linaweza kuokoa nyumba ya mujane.

TUANZE LEO

Pimisha tansio yako, hata kama husikii kitu, maana tansio haipigi hodi. Mwenye dawa asiache siku anapojisikia vizuri. Punguza chumvi na makayabu. Acha tumbako. Lutuku iachwe kabisa. Mutoto wa koo apelekwe ku kituo cha afya.

Tena, mu kila kikundi cha wamama na cha wababa tuna likelemba ya sahani, ya viti, ya vitambaa vya sikukuu. Tufanye na likelemba moja ya motokari ya wagonjwa: kila mutu kidogo kwa mwezi, na namba ya telefone ya dereva mumoja mwaminifu ibandikwe ku mulango wa kanisa. Saa nane ya usiku, mutu akishika kifua, hatutaanza kukusanya michango. Tutaita tu dereva.

MASWALI YA KUZUNGUMUZA MU JAMAA

1. Nani mu nyumba yetu ana tansio, sukari, ao alipata homa ya viungo? Dawa zake ziko?

2. Hospitali ya karibu iko wapi, na usiku tunafika namna gani?

3. Kwa nini mutu wa kolera anapewa maji mingi, lakini mutu wa shoki ya moyo hapana?

4. Nani kati yetu anaweza kuonyesha wengine kipimo cha ukucha? Mufanye sasa hivi, wote, mbele ya kulala.